Kicheko Kilichopotea Ujerumani

Wapenzi wa senema wakitajiwa Paul Wegener humkumbuka kama mtu wa kutisha. Ndiye Mjerumani aliyecheza Golem, lile pandikizi la udongo ambalo katika ngano za Mayahudi wa Prague hutiwa uhai. Mimi naona sifa hiyo ni nusu tu ya haki yake.

Wegener alitengeneza filamu tatu za Golem, zote bubu. Ya 1915, aliyoshirikiana na Henrik Galeen, imebaki vipande tu. Ya 1920 ipo na ingali ikionyeshwa. Ya kati, ya 1917, aliyoitengeneza na Rochus Gliese, imepotea. Nayo, ndugu msomaji, ilikuwa ya kuchekesha: filamu fupi iitwayo Der Golem und die Tänzerin, yaani Golem na Mcheza Dansi. Humo Wegener anajivika mavazi ya Golem ili amtishe binti anayemtamani. Lyda Salmonova, aliyekuwamo katika zile mbili nyingine, naye alicheza humo.

Angalia basi. Miaka miwili baada ya kuwatetemesha watu, bwana huyu alilichukua zimwi lake mwenyewe akalifanyia masihara, tena wakati wa vita, Wajerumani wametoka katika majira ya baridi yenye njaa kali.

Filamu za siku zile zilikuwa za naitreti, kitu kinachoshika moto upesi na kuoza. Sauti ilipoingia senema mwishoni mwa miaka ya 1920, nyingi za bubu zilitupwa, au zikayeyushwa kutoa madini ya fedha yaliyomo. Wahenga walikwisha kuonya: usiache mbachao kwa msala upitao.

Wako watakaouliza: mzaha mfupi ukipotea, hasara iko wapi? Nawajibu kwamba kilio hakikosi wa kukitunza, bali kicheko hakina mlinzi. Tukihifadhi vitisho peke yake, watu wa kale tutawaona wamenuna maisha yao yote, na hawakuwa hivyo. Tutakuwa tumewasingizia.

Mwaka 2008 sehemu zilizopotea za Metropolis, filamu ya Kijerumani ya 1927, zilipatikana Buenos Aires. Basi tamaa haijakatika. Nawaomba wenye maghala ya filamu, wakiokota mkebe wenye kutu, wasiuweke kando kwa kuwa ndani mna mzaha tu.