Waliruka Msiba, Wakabakiza Kitanda
KUTOKA MKUU, na Epimaki Kavishe

Wanaolia na maadili ya filamu huanza na simu za vijana. Sisi tuliokulia Rombo tunajua shughuli ilianzia vibanda vya video, kabla televisheni haijafika Tanzania Bara mwaka 1994. Kanda zilivuka mpaka wa Kenya pale Holili na Tarakea pamoja na sabuni na mafuta ya kupikia. Usiku watoto wakishafukuzwa, jenereta likinguruma, iliwekwa pilau, yaani picha za ngono.

Nyingi zilikuwa takataka. Ila kanda yoyote ya Ulaya yenye mgongo wa mwanamke kwenye jalada iliitwa pilau, hata kama ndani mna msiba mtupu. Chukua Damage ya mwaka 1992, ya Mfaransa Louis Malle. Jeremy Irons ni mwanasiasa wa London anayelala na mchumba wa mwanawe, Juliette Binoche. Kijana anapanda ngazi, anafungua mlango, anawakuta. Anarudi kinyumenyume, ukingo haumzuii, anaanguka ghorofa kadhaa hadi sakafuni. Baba anashuka mbio vilevile alivyo, uchi wa mnyama, anampakata maiti. Mwili ni uleule wa kitandani, lakini sasa hakuna anayeutamani. Mama mtu, Miranda Richardson, akaomboleza kiasi cha kupendekezwa kuwania Oscar.

Mchaga akikosa humtuma mtu na jani la isale, na aliyekosewa hana budi kumsikiliza. Nyumba ile ingepelekewa isale na nani, wakati mzee wa kutuma wajumbe ndiye mkosaji?

Mwenye kibanda hakuwa na muda wa maswali hayo. Penye maneno alipeleka mbele kwa rimoti. Wateja wameshalipa, na Kiingereza chenyewe hawakijui. Mkaguzi wa serikali, mwenye meno ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976, mkasi wake huelekea upande wa pili. Wote wawili wanaamini kitanda na msiba vinaweza kutenganishwa.

Bongo Movie imerithi imani hiyo. Wapenzi wanaingia chumbani, mlango unafungwa, kunapambazuka, shuka imevutwa hadi kifuani. Dakika kumi baadaye mmoja ni mgonjwa, anatubu. Adhabu tunaiona vizuri sana, tamaa yenyewe hatuioni. Siombi uchi, nisije nikasemwa kanisani. Naomba mwongozaji anionyeshe mtu mzima, mwenye heshima zake, anavyoshindwa kujizuia.

Tena uchi si ndio unaowasumbua wakaguzi siku zote. Rafiki, filamu ya Mkenya Wanuri Kahiu kuhusu mapenzi ya wasichana wawili, haina cha kufunika macho. Kahiu alieleza kuwa bodi ya filamu ya Kenya ilitaka mwisho uwe wa majuto zaidi. Akakataa, ikapigwa marufuku. Septemba 2018 Mahakama Kuu iliiruhusu kwa siku 7, na Nairobi tiketi zikagombewa.