Volti 20 si Ruhusa

Ndugu mwandishi aliyewahakikishia vijana wa Remera kwamba bodi ya kielektroniki ya Arduino Uno inahimili volti 20, hivyo betri ya pikipiki haiwezi kuidhuru, amesoma kikomo akakiita ruhusa. Watengenezaji wanapendekeza volti 7 hadi 12, na sababu ni joto: kidhibiti cha volti cha bodi hushusha umeme hadi volti 5 kwa kugeuza ziada yote kuwa joto. Injini ikinguruma, betri ya pikipiki hufika volti 14. Bodi ikivuta miliampia 200, karibu wati 2 zinaishia kwenye kipande kidogo kuliko ukucha. Hicho huunguza kidole.

Atasema bodi nyingi zimepona. Zilizowasha taa moja tu, naam. Ongeza mota uone. Hatari zaidi ni pini ya 5V, maana inakwepa kidhibiti: volti 12 pale huua bodi papo hapo. Chaja nzuri ya simu yenye volti 5, kupitia USB, inatosha, na njia hiyo ina fyuzi ya miliampia 500. Mota ipewe betri yake, nyaya hasi ziunganishwe. Vijana, pimeni kwa multimita kabla ya kuchomeka.