Nani Aliifua Sime Hii?

Hivi karibuni nilikwenda Runyenjes, katika Embu, kumwamkia mzee mmoja wa ukoo wa mke wangu. Baada ya chai alinitolea sime ya marehemu baba yake, ikiwa bado ndani ya ala yake ya ngozi. Niliigeuza huku na huku nikitafuta alama ya fundi. Sikuona kitu.

"Mzee, aliyeifua alikuwa nani?" nikamwuliza.

Aliipokea, akapitisha kidole juu ya uti wake mpaka kwenye ncha. "Mkono huu naujua," akasema. "Fundi huyu alikuwa wa upande wa Mbeere. Baba alikuwa akimtaja kila alipoinoa. Lakini jina lake, mwanangu, limenitoka."

Ndugu msomaji, maneno hayo yamenikaa moyoni, nami naona yafaa tuyazungumze.

Huko Uingereza mambo ni mengine. Tangu mwaka 1363 sheria iliwataka masonara watie kila mmoja chapa yake katika kazi yake, ili mwenye kuchanganya fedha na madini duni ajulikane na kuadhibiwa. Zamani chapa hizo zilikuwa picha tu, kwa kuwa wengi hawakujua kusoma. Baadaye zikawa herufi za majina. Leo mtu akiokota kijiko cha fedha cha London chenye umri wa miaka mia mbili na zaidi, huenda akamjua aliyekitengeneza na hata mwaka wenyewe.

Lakini angalieni jambo moja. Madaftari ya chapa na majina yaliyohifadhiwa London yanaanzia mwaka 1697. Katika vyombo vya kabla ya hapo chapa zinaonekana wazi kabisa, ila wenye chapa wengi hawajulikani. Kumbe chapa peke yake haitoshi. Kinachomtambulisha fundi ni daftari. Wahenga wetu walikwisha kusema: mali bila daftari hupotea bila habari.

Wala isidhaniwe kuwa wazee wetu hawakujua alama. Watharaka, Wambeere na jirani zao Wakamba waliichora mizinga yao ya nyuki alama za koo, na mtu akiuona mzinga mtini alijua ni wa nani. Lakini alama hizo zilikuwa za mwenye mali, si za fundi. Fundi wa chuma alitambuliwa kwa mkono wake: jinsi alivyouinua uti wa sime, alivyoupanua mkuki, na alivyozisokota pete ndogo ndogo za mkufu. Daftari la majina yao lilikuwa vichwa vya watu, na vichwa hivyo vinazikwa mmoja mmoja.

Nao hawakuwa watu wadogo. Muturi, kama anavyoitwa Meru na Embu, alirithi kazi yake katika ukoo. Mchanga mweusi wenye chuma uliokotwa mitoni, ukaoshwa, ukayeyushwa kwa makaa na mvukuto wa ngozi ya mbuzi. Laana ya mhunzi iliogopwa na kila mtu. Jembe, shoka, kisu cha kutahiria, mkuki wa kulinda ng'ombe, vyote vilitoka mikononi mwake. Kisha chuma cha kigeni kikaingia madukani, tanuri za kuyeyushia zikazimika, na wajukuu wa wahunzi wakageukia springi za magari mabovu.

Leo mikuki na sime hizo zimo katika makumbusho ya hapa nchini na ya ng'ambo. Mara nyingi kibandiko hutaja kabila, na pengine jina la Mzungu aliyekichukua kitu hicho. Jina la aliyekifua halimo. Ni haki hiyo? Aliyenunua akumbukwe, na aliyetoka jasho asahauliwe?

Yuko atakayesema kwamba hayo ni mambo ya kale yasiyoleta unga nyumbani. La hasha! Taifa lisilojua mafundi wake litaamini kwamba kila ufundi ulikuja kwa meli.

Sheria tunayo. Sheria ya mwaka 2016 ya kulinda maarifa ya jadi inazitaka serikali za kaunti ziwe na daftari la maarifa hayo. Basi Meru, Embu na Tharaka Nithi na zitenge kurasa za wahunzi. Walimu nao wawatume wanafunzi wakiwa na kalamu: muturi aliitwa nani, wa ukoo gani, kiwanda chake kilikuwa kilima kipi, nani alimfundisha, kazi yake inatambulikanaje? Waulizwe akina nyanya pia, kwani waliovaa mikufu hiyo walijua ilikotoka. Na picha ya kila kitu iwekwe pamoja na jina. Nao mafundi wa jua kali wa leo waanze kutia chapa zao, na chapa hizo ziandikwe.

Mimi nimeanza na sime ya Runyenjes. Nimeipiga picha, nimeandika "Mbeere", na mahali pa jina nimepaacha wazi. Mzee ameniambia yuko bibi mmoja, ng'ambo ya mto, ambaye huenda akakumbuka. Nitakwenda Jumamosi. Nawe, msomaji, kwenu yuko nani wa kuulizwa?