Mama wa Kamera Kutoka Senegali

Nikikutajia jina la Safi Faye huenda hujalisikia. Filamu zake hazijapata kupangwa kwenye vibanda vyetu vya kukodisha kanda.

Alizaliwa Dakar mwaka 1943, wazazi wake wakiwa Waserere. Alianza kama mwalimu wa shule, na angeweza kubaki na chaki yake hadi pensheni. Lakini mwaka 1966, kwenye tamasha kubwa la sanaa za watu weusi jijini Dakar, alikutana na Mfaransa mpiga filamu, Jean Rouch, ambaye baadaye alimpa nafasi ya kuigiza. Kuigiza tu hakukumtosha. Alikwenda Paris akasomea mila za jamii, kisha kazi ya kamera.

Mwaka 1975 alitoa *Kaddu Beykat*, maana yake sauti ya mkulima. Kijana Ngor anataka kumwoa Coumba, ila karanga hazikustawi, mahari haipo. Basi anakwenda mjini kutafuta vibarua. Waigizaji ni wanakijiji wenyewe. Wakulima wanalalamika waziwazi juu ya kulimishwa zao moja na kubanwa na kodi, na serikali ya Senegali ikaipiga marufuku filamu hiyo. Hata hivyo, ndiyo inayohesabiwa kuwa filamu ndefu ya kwanza ya mwanamke wa Afrika kusini ya Sahara kuonyeshwa kibiashara.

Mimi ningependa zaidi uione *Selbé*, ya mwaka 1983. Ni mama wa watoto wanane, mume kaenda mjini kutafuta riziki. Anahangaika kutwa ili chungu kisikae mekoni kitupu. Hakuna kisa kingine, wala hakihitajiki. Wangapi kati yetu hatumjui Selbé?

Filamu yake ya mwisho, *Mossane*, inahusu binti wa miaka 14 anayeozwa kwa mwanamume tajiri aliyeko Ufaransa, huku moyo wake uko kwa mwanafunzi maskini. Ilikwama miaka kadhaa kwa ugomvi na mtayarishaji, mpaka ikaonyeshwa Cannes mwaka 1996. Fikiria kungoja kazi yako hivyo! Hakuiacha.

Safi naye alikuwa mama, akimlea binti yake. Alifariki Paris Februari 2023, akiwa na miaka 79. *Kaddu Beykat* aliitoa kwa heshima ya babu yake, anayeonekana humo akizungumza, na ambaye alifariki muda mfupi baada ya kupigwa picha.