Urithi wa muziki hauhifadhiwi kwa lawama

Yako malalamiko yaliyozoeleka masikioni mwetu, kwamba vijana wameitupa ngoma ya babu zao na kukumbatia kelele za mitambo. Wanaolalamika wana uchungu wa kweli. Lakini wengi wao hukomea hapo, kana kwamba kulaumu ni kazi iliyotosha. Mfano wa Mali unatufundisha vingine.

Mwaka 2014 Toumani Diabaté, bingwa wa kora wa Bamako, alitoa albamu pamoja na mwanawe, Sidiki. Waliiita kwa majina yao wenyewe, "Toumani & Sidiki". Kora ni chombo chenye nyuzi 21, kilichoundwa kwa nusu ya buyu kubwa lililowambwa ngozi ya ng'ombe. Katika albamu hiyo hamna mwimbaji wala gitaa. Ni baba na mwana tu, kora mbili zikijibizana. Na Sidiki huyo hakuwa kijana aliyefungiwa ndani asiione dunia. Alikuwa amekwisha jipatia jina miongoni mwa vijana wenzake wa Bamako kwa muziki wa rap.

Aliupataje basi urithi huo? Wako watakaosema ni damu, kwa kuwa wa-Diabaté ni ukoo wa majeli, yaani wanamuziki na watunza historia wa Wamande. La hasha, damu peke yake haipigi kora. Babu yake, ambaye pia aliitwa Sidiki, alikuwa mpigaji katika kundi la taifa la ala za muziki lililoundwa na serikali ya Mali baada ya uhuru wa mwaka 1960. Mwaka 1970 alishiriki katika "Cordes anciennes", maana yake nyuzi za kale, santuri ya kora. Toumani, aliyezaliwa mwaka 1965, alijifunza zaidi kwa kusikiliza kuliko kwa kukalishwa chini na baba yake. Mwaka 1999 yeye na Ballaké Sissoko, mtoto wa mwenzake baba yake katika santuri ile ile, wakatoa "New Ancient Strings" kama jibu la watoto kwa wazazi wao. Mwaka huo huo Toumani alitoa pia albamu na Taj Mahal, mwanamuziki wa bluzi wa Marekani. Hapana budi kukiri kwamba mnyororo huo haukushikwa na nyumba peke yake. Taasisi ya umma na santuri navyo viliushika.

Wala urithi huo haukuwa kitu cha kufutwa vumbi na kurudishwa kabatini. Mojawapo ya tuni za baba na mwana inaitwa "Lampedusa", kwa kuwakumbuka wahamiaji zaidi ya 360 waliokufa maji karibu na kisiwa hicho cha Italia mwezi Oktoba 2013. Jeli wa kale aliomboleza mashujaa wa vita. Huyu wa leo anawaombolezea vijana waliozama wakitafuta riziki.

Hata hivyo liko swali zito. Mtoto asiyezaliwa katika ukoo wa majeli atajifunzia wapi? Toumani alilijibu kwa vitendo, kwani alifundisha kora katika chuo cha sanaa cha Bamako. Aliaga dunia tarehe 19 Julai 2024, na alichokifundisha hakikuzikwa naye.

Mwaka 2012 makundi yenye silaha yaliyoiteka kaskazini ya Mali yalipiga marufuku muziki. Dunia ililaani, na ilistahili kulaani. Lakini muziki waweza pia kunyamazishwa pasipo amri wala bunduki. Hunyamaza pale kanda za zamani zinapoachwa kuoza katika ghala za ofisi, na pale mwanafunzi anapomaliza masomo yake bila kumsikia hata mara moja fundi wa ala ya kwao.

Kwa hiyo ndugu mtumishi unayetunza funguo za ghala hiyo, na wewe mwalimu unayemlaumu kijana kwa kuipenda rap, jiulizeni kwanza: mmempa nini asikilize? Samaki mkunje angali mbichi, walinena wahenga. Kijana aliyesikia atachagua mwenyewe, na huenda akazipenda zote mbili kama Sidiki. Asiyesikia hana la kuchagua.