Ng'ambo ya Songwe wanamwondoa rais kwa kura

KUTOKA KISIBA
Na Ambakisye Mwasandube

Septemba 16, 2025 ndugu zetu wa Karonga, Malawi, walipiga kura. Siku nane baadaye Rais Lazarus Chakwera alikubali kushindwa hata kabla tume haijatangaza mshindi, na mzee Peter Mutharika akarudi Ikulu kwa asilimia 56.8. Oktoba 29 ikawa zamu yetu. Mgombea wa chama tawala akatangazwa mshindi kwa asilimia 97.66. Tundu Lissu alikuwa mahabusu kwa kesi ya uhaini, Chadema haikuwa kwenye karatasi ya kura, na jina la Luhaga Mpina wa ACT-Wazalendo lilikuwa limeenguliwa. Intaneti ilizimwa na watu waliuawa katika miji kadhaa. Wiki sita tu zinatenganisha chaguzi hizi mbili.

Kutoka hapa Kisiba unateremka hadi Kyela, unafika Kasumulu, unavuka daraja la Songwe, na upande wa pili unamkuta mtu mwenye jina linaloanza na Mwa- kama langu, anayesema lugha unayoielewa bila mkalimani. Sisi tunaitwa Wanyakyusa, wao Wangonde. Msiba ukitokea huku, wajomba wanavuka kuja, shangazi zetu wa huko wamejifunga vitenje. Katika msiba mmoja hapa kijijini, baada ya mazishi, wanaume tukiwa tumekaa kwenye migomba, mazungumzo yakaangukia uchaguzi. Mjomba wa Karonga akauliza kwa upole kabisa: "Sasa ninyi mkiona matokeo ya rais yamechezewa, mnakwenda mahakama gani?" Hakuna aliyemjibu. Swali lile sijaweza kuliacha.

Watu wetu wengi wana jibu jepesi kuhusu nani anafaa demokrasia na nani hafai: ni mila. Mwafrika anamheshimu mkubwa, wanasema, na mambo ya kushindana na kumtoa kiongozi si yetu. Nataka kulipima jibu hilo kwa historia ya huku huku Rungwe, kwa sababu tuna bahati ya kuwa na mizani: watu wa asili moja na lugha moja, waliotenganishwa na mkataba wa Waingereza na Wajerumani wa Julai 1, 1890.

Godfrey Wilson na mkewe Monica walikaa kwetu kati ya 1934 na 1938 wakiandika habari za pande zote mbili. Upande huu hawakukuta mfalme. Walikuta machifu wadogo wengi, kila malafyale na eneo lake. Wakati wa ubusoka ukifika, chifu mzee alikabidhi utawala kwa rika jipya, nchi ikagawanywa kati ya wanawe wakubwa wawili, moto wa zamani ukazimwa na mwingine ukapekechwa. Vijiji vilisimamiwa na mafumu, watu wa kawaida wasio wa ukoo wa chifu. Na malafyale akizidi ukatili, watu walichukua ng'ombe wao wakahamia kwa mwingine.

Ng'ambo walikuwa na Kyungu, mfalme mmoja aliyetukuzwa, mwenye makao yake kwenye kilima cha Mbande. Biashara ya pembe za ndovu ilimletea nguo na bunduki, akawa na nguvu ambazo hakuna malafyale wa huku aliyewahi kuziota. Na mpaka leo Malawi inamtambua Kyungu kama chifu mkuu, wakati huku uchifu ulifutwa mwaka 1963.

Kama mila ndiyo inayoamua, basi sisi ndio tungepaswa kuwa mabingwa wa kupokezana madaraka, na wao ndio wangekuwa wanamsujudia mtu mmoja.

Wengine watasema ni urithi wa waasisi. Hapo pia hesabu inakataa. Sisi tuliingia chama kimoja mwaka 1965, wao 1966. Lakini Kamuzu Banda alijifanya rais wa maisha mwaka 1971, na wapinzani wake walifungwa, walikimbia au walikufa. Mwalimu Nyerere aling'atuka kwa hiari mwaka 1985. Mtu aliyeulizwa mwaka 1990 ni nchi ipi itaanza kubadilisha vyama Ikulu, angeitaja Tanzania bila kusita.

Kilichotokea ni hiki. Machi 1992 maaskofu wa Katoliki wa Malawi walisomesha makanisani waraka ulioukosoa utawala waziwazi. Mwezi uliofuata mpinzani wa Banda, Chakufwa Chihana, akashuka uwanja wa ndege wa Lilongwe akijua atakamatwa, na kweli akakamatwa. Wafadhili wakafunga mikoba. Juni 14, 1993 ikafanyika kura ya maoni, na wananchi wenyewe wakaukataa mfumo wa chama kimoja. Desemba mwaka huohuo jeshi likawanyang'anya silaha vijana wa chama. Mwaka 1994 Banda akashindwa, na nchi ikaanza na katiba nyingine.

Kwetu vyama vingi vilishuka kutoka juu. Tume ya Jaji Francis Nyalali iliwauliza wananchi, na karibu wanne katika kila watano walitaka chama kimoja kiendelee. Tume ikashauri vyama vingi hata hivyo, ikataja sheria 40 kandamizi za kufutwa au kurekebishwa na ikataka katiba mpya. Vyama tukavipata Julai 1992. Katiba mpya hatujaipata. Tunatumia ile ya 1977 yenye viraka.

Si suala la utajiri pia. Malawi ni maskini kuliko sisi, na kila anayevuka Kasumulu anaona.

Wachina nao wanatufundisha jambo hilohilo. Lee Kuan Yew wa Singapore alitetea kwa miaka mingi kwamba Waasia wana maadili yao yanayotanguliza nidhamu na jamii. Lakini Taiwan, wenye lugha ileile na Confucius yuleyule, waliondoa sheria ya kijeshi mwaka 1987 baada ya miaka 38, wakamchagua rais moja kwa moja mwaka 1996, na mwaka 2000 Kuomintang iliyotawala kwa zaidi ya nusu karne ikashindwa na kukabidhi madaraka. Singapore ni tajiri kuliko Taiwan, na chama kilichoshika serikali mwaka 1959 ndicho kilichopo hadi leo. Beijing, Chama cha Kikomunisti kipo madarakani tangu 1949. Damu ni moja, njia tatu.

Kinachofanana kati ya Taipei na Lilongwe ni kwamba chama kilichozoea kutawala kilishindwa na dunia haikuisha. Chama cha Banda, MCP, kilikaa nje miaka 26 kikarudi mwaka 2020 na Chakwera. Aliahidi mengi, bei zikapanda, mafuta yakaadimika, wakamtoa. Sidai kwamba kura inajaza ghala. Ila aliyeshindwa kulijaza aliondoka, tena bila maiti barabarani.

Na alifikaje Ikulu mwaka 2020? Februari 3 majaji watano, wakisindikizwa na wanajeshi, walisoma hukumu kwa takriban saa kumi na kufuta uchaguzi wa 2019, ambao fomu zake za matokeo zilipakwa wino mweupe wa kufutia. Uchaguzi ukarudiwa, Chakwera akashinda. Hukumu ile ndiyo iliyokuwa kichwani mwa mjomba alipouliza swali lake.

Jibu lake limo katika Ibara ya 41(7) ya Katiba yetu: Tume ikishatangaza rais amechaguliwa, hakuna mahakama yoyote inayoruhusiwa kuchunguza uchaguzi huo. Julai 2020 Mahakama ya Afrika pale Arusha, katika shauri la wakili Jebra Kambole, iliamua kwamba ibara hiyo inavunja Mkataba wa Afrika wa Haki za Binadamu. Miezi michache kabla, Novemba 2019, serikali ilikuwa imekwisha kuondoa ruhusa ya mwananchi kwenda mwenyewe mahakama hiyo. Ibara bado ipo. Haikuletwa na mababu zetu wala haikutoka kwenye ubusoka. Iliandikwa na watu, na theluthi mbili ya wabunge wanaweza kuifuta.

Kwenye kampeni Rais Samia aliahidi kuanzisha mchakato wa katiba mpya ndani ya siku 100. Wabunge wa Rungwe, Busokelo na Kyela watashiriki. Katika mkutano wa kwanza watakaoitisha, tuwaulize kwa majina yao, na mwenye daftari aandike jibu: 41(7) mtaipigia kura ya kuifuta, au ya kuibakiza?