Nani anachunga milango ya sitweb zetu?

Familia zilizokimbia makwao zinatafuta habari kwenye simu: msaada utagawanywa wapi, shule gani inaandikisha watoto, namba gani ya kuita. Sasa mwizi akiingia katika sitweb ya redio au ya shirika na kubadilisha namba moja tu ya kutuma feza, nani atajua? Familia itakuwa imekwisha kulipa.

Mwizi huyo hahitaji nenosiri. Sitweb nyingi zimejengwa kwa WordPress, na juu yake tunaongeza programu ndogo zinazoitwa plagini: moja ya kusikiliza matangazo, moja ya picha, moja ya fomu. Kila plagini ni mlango. Mwezi wa 9 mwaka 2020 kosa lilionekana katika plagini ya File Manager, iliyokuwa kwenye sitweb zaidi ya 700,000. Mtu yeyote aliweza kuingiza faili lake bila nenosiri. Toleo lililotengenezwa, 6.9, lilitoka upesi. Lakini dawa iliyobaki dukani haiponyi mtu, na wezi nao husoma matangazo hayo.

Wengine watasema mega ni ghali na umeme unakatika. Ni kweli. Lakini shida kubwa ni kwamba kazi hii haina mwenyewe. Mwisho wa mwaka huohuo, jina scpt-network.com, ambalo anwani za .cd za nchi yetu zililitegemea, liliachwa muda wake ukaisha. Fredrik Almroth, mtafiti wa kampuni Detectify ya Sweden, alilinunua kabla ya wezi, akatoa taarifa. Tuliokolewa na mgeni mwenye roho nzuri. Siku nyingine atatangulia mwizi.

Kwa hiyo kila redio, parokia na shirika lenye sitweb litaje mtu mmoja na siku moja ya kila juma. Achunge kwanza nakala ya sitweb pembeni, aweke matoleo mapya, afute plagini isiyotumika. Kuizima tu hakutoshi. Tangu toleo 5.5, WordPress inaweza hata kuziweka mpya yenyewe, ukiiruhusu.

Nanyi familia, msitume feza kwa namba mliyoona kwenye sitweb peke yake. Ulizeni kwanza redioni au kwa mkubwa wa mtaa. Na mkifika redioni, mtuulize pia: nani kwenu anachunga plagini? Tukikosa jina la kuwajibu, mjue milango iko wazi.